Bustani ya Mimea ya Entebbe: Ghala la mbegu linaloota kando ya ziwa

Msikilizaji anayeishi kando ya Ziwa Victoria, awe Bukoba, Mwanza, Musoma, Kisumu au Busia, huenda anaijua Entebbe kwa sababu ya uwanja wake wa ndege. Lakini mji huo mdogo wa Uganda una kitu kingine kilichoingia mashambani mwetu na vikombeni mwetu bila wengi kujua. Ni bustani ya mimea iliyoanzishwa mwaka 1898, mahali ambapo nchi kavu inateremka taratibu hadi majini.

Katika makala haya tunaeleza ilianzishwa na nani, kwa nini iliwekwa hapo, ina mimea gani, na kwa nini mkulima ambaye hajawahi kufika Entebbe ana sababu ya kutaka miti ile iendelee kusimama.

Bustani ya mimea ni nini?

Wengi wetu tukisikia neno bustani tunafikiria mchicha na nyanya, au maua mbele ya ofisi ya serikali. Bustani ya mimea ni kitu tofauti. Ni mahali ambapo mimea hukusanywa kwa mpango, kila mmoja ukajulikana jina lake, ulikotoka na mwaka uliopandwa. Kazi yake ni kama ya maktaba, ila badala ya vitabu kuna miti.

Jina la kitaalamu, ambalo huandikwa kwa Kilatini, lina faida yake. Mti mmoja unaweza kuwa na majina kumi katika lugha kumi, na jina moja la kienyeji linaweza kubeba miti miwili isiyo na undugu. Mti tunaouita mvule, Waganda wanauita muvule, na makabila mengine yana majina yao. Mtaalamu wa Kampala akiandika Milicia excelsa, mwenzake wa Morogoro au Nairobi anajua bila shaka ni mti gani. Kwa miti ya dawa, jambo hili linaweza kuwa la kufa na kupona, kwa sababu kosa la jina ni kosa la dawa.

Kwa nini Entebbe, na kwa nini 1898?

Neno Entebbe linatokana na neno la Kiganda lenye maana ya kiti. Katika miaka ya 1890 Waingereza walipafanya mahali hapo kuwa makao yao ya utawala wa Uganda, na pakabaki makao ya serikali ya kikoloni hadi wakati wa uhuru mwaka 1962.

Mwaka 1896 walianza kujenga reli kutoka Mombasa kwenda ziwani. Ilifika Kisumu mwishoni mwa mwaka 1901, na kutoka hapo mizigo ilivuka ziwa kwa meli. Reli ile iligharimu fedha nyingi sana, na serikali ilitaka mabehewa yarudi Mombasa yakiwa na mzigo wa kuuza. Swali likawa: nchi hii inaweza kuzalisha nini?

Bustani ya mimea ilikuwa njia ya kutafuta jibu. Wakati huo Waingereza walikuwa na mtandao wa bustani za namna hiyo katika makoloni yao, na kitovu chake kilikuwa Bustani ya Kew, London. Mbegu na miche ilitoka bara moja hadi jingine kupitia mtandao huo. Wajerumani nao walifanya hivyo hivyo upande wao. Mwaka 1902 walianzisha kituo cha utafiti cha Amani katika milima ya Usambara, huko Tanga, chenye bustani ya mimea iliyo miongoni mwa kubwa zaidi barani Afrika.

Aliyepewa kazi ya kuanzisha bustani ya Entebbe alikuwa Mskoti, Alexander Whyte. Hakuwa mgeni Afrika. Kabla ya hapo alifanya kazi Nyasaland, ambayo leo ni Malawi, na mwerezi wa Mlima Mulanje, mti wa taifa wa Malawi, una jina la kitaalamu linalomkumbuka hadi leo: Widdringtonia whytei. Baada yake alikuja Morley Thomas Dawe, aliyefunzwa Kew, ambaye alisafiri katika misitu ya Uganda akikusanya na kuorodhesha mimea. Aina moja ya shubiri, Aloe dawei, imepewa jina lake.

Tukumbuke pia kwamba vitabu vimehifadhi majina ya wakuu hawa, lakini majembe hayakushikwa na wao peke yao. Mashimo yalichimbwa, miche ikamwagiliwa na njia zikafyekwa na wenyeji. Na maarifa ya mti gani ni wa dawa na upi ni wa mbao yalikuwa ya wenyeji kabla ya kuandikwa kwa Kilatini.

Mahali penyewe palifaa sana. Entebbe iko kilomita chache tu kaskazini ya mstari wa ikweta, lakini kwa kuwa ziwa liko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, joto si kali. Ziwa lenyewe huleta mvua karibu mwaka mzima na kuzuia baridi kali usiku. Mmea wa nchi za joto ukishindwa kuota Entebbe, kuna uwezekano mdogo wa kuota penginepo katika ukanda ule.

Mazao yaliyopitia hapo

Bustani ilianza kama shamba la majaribio. Mmea uliletwa, ukapandwa, ukatazamwa kwa misimu kadhaa, na uliofaulu miche yake ikasambazwa.

Chai ilipandwa Entebbe mwaka 1900. Ilichukua zaidi ya miaka 20 kabla ya kuwa zao kubwa la biashara nchini humo. Kakao ilifika mwaka 1901, na leo wilaya ya Bundibugyo, magharibi mwa Uganda, inajulikana kwa zao hilo.

Mpira una kisa kirefu zaidi. Mti wa mpira unaotumika duniani leo, Hevea brasiliensis, asili yake ni misitu ya Brazil. Mwaka 1876 Mwingereza Henry Wickham alisafirisha mbegu zipatazo 70,000 kutoka huko hadi Kew. Zilizoota hazikufika 3,000, kwa sababu mbegu za mpira hufa haraka zikikaa. Miche iliwekwa ndani ya masanduku ya kioo yaliyozuia unyevu usipotee, ikapelekwa kwa meli hadi Sri Lanka, nchi iliyoitwa Ceylon wakati huo. Mwanzoni mwa karne ya 20 mti huo ukafika Entebbe. Bei ya mpira ilipopanda sana karibu na mwaka 1910, mashamba yalifunguliwa Uganda. Bei ilipoanguka, mengi yalibadilishwa kuwa ya mazao mengine.

Kahawa inatufundisha kitu kingine. Kahawa aina ya arabika ililetwa kutoka nje. Lakini robusta, ambayo ndiyo nyingi Uganda na Kagera, ni mwenyeji wa misitu ya ukanda huu. Waganda na Wahaya walikuwa wakitafuna buni zilizochemshwa na kukaushwa zamani sana kabla ya mzungu kufika, na kumpa mgeni buni za kutafuna ilikuwa ishara ya heshima. Kwa maneno mengine, wakati meli zilikuwa zikivuka bahari kuleta mazao, mojawapo ya mazao makubwa ya siku za usoni lilikuwa tayari limesimama msituni nyuma ya nyumba. Kufikia miaka ya 1950 kahawa ilikuwa imeipita pamba kama zao kuu la Uganda la kuuza nje.

Miaka ya malale

Bustani ilikuwa bado changa ukanda wa ziwa ulipopatwa na msiba mkubwa. Kuanzia mwaka 1900 ugonjwa wa malale ulienea Busoga, Buganda na visiwani, na katika miaka ya mwanzo ya karne ile zaidi ya watu 200,000 walikufa. Wataalamu waliofanya kazi Entebbe mwaka 1902 na 1903 walitambua kijidudu kinachosababisha ugonjwa huo na kuthibitisha kwamba kinaenezwa na mbung'o, yaani ndorobo, wanaopenda kivuli cha vichaka vya ufukweni.

Serikali ya kikoloni iliwahamisha watu kutoka mwambao na visiwa vya Ssese. Vichaka vilifyekwa kwenye bandari na mitumbwi ilipotia nanga. Vijiji vilivyokuwa vya wavuvi kwa vizazi vingi vikawa pori. Mtu akitazama leo miti mikubwa ya ufukweni, ni vizuri kukumbuka kwamba mwambao huo haukuwa mahali pa matembezi kila wakati.

Kinachoota humo leo

Bustani ina ukubwa wa takriban hekta 40, sawa na ekari kama 100. Sehemu yake ni nyasi fupi zenye miti mikubwa iliyotenganishwa ili kila mmoja uonekane umbo lake. Kuna michikichi na jamaa zake, miti ya matunda, viungo na mazao ya biashara kama kahawa, kakao na mpira. Sehemu nyingine ni kipande cha msitu wa asili, chenye giza hata mchana, ambamo kamba za msituni hupanda hadi juu ya miti. Mbega weupe na weusi huruka matawini, na hondohondo husikika kwa mbali.

Kipande hicho cha msitu ni mabaki ya msitu ambao zamani ulizunguka sehemu kubwa ya kaskazini na magharibi mwa ziwa. Ndugu zake ni msitu wa Mabira katikati ya Kampala na Jinja, msitu wa Minziro mpakani mwa Kagera na Uganda, na msitu wa Kakamega magharibi mwa Kenya. Misitu hii ina miti mingi inayofanana na ya Kongo kuliko ya pwani.

Miti ya ukanda huu ina matumizi ambayo wasikilizaji wetu wa kanda ya ziwa wanayajua. Mvule hutoa mbao ngumu isiyoliwa na mchwa, na kwa sababu hiyo umekatwa hadi kuwa adimu mahali pengi. Miti ya mvule iko ya kiume na ya kike, hivyo mvule mmoja uliobaki peke yake kijijini hauwezi kutoa mbegu bila mwenzake karibu.

Mutuba, ambao kitaalamu ni Ficus natalensis, ndio unaotoa nguo ya gamba la mti. Waganda huuchuna mti uliosimama, kisha huufunika kwa majani ya migomba mpaka gamba jipya liote, na mti mmoja huvunwa kwa miaka mingi. Ufundi huo uko katika orodha ya urithi wa utamaduni ya UNESCO tangu mwaka 2008.

Mti mwingine, Prunus africana, wa milimani zaidi, haukuwa na bahati hiyo. Gamba lake linatafutwa na viwanda vya dawa za tezi dume nje ya Afrika, na wavunaji wengi walichuna mzunguko mzima. Chakula kinachotengenezwa na majani hushuka kwenye mizizi kupitia sehemu ya ndani ya gamba. Ukilikata pande zote, mizizi inakosa chakula na mti unakufa. Tangu mwaka 1995 biashara ya mti huu kati ya nchi na nchi inasimamiwa na mkataba wa kimataifa wa viumbe walio hatarini.

Kwa nini mti hai, na si mbegu kwenye chupa?

Leo bustani iko chini ya shirika la taifa la utafiti wa kilimo la Uganda, NARO, na hapo hapo Entebbe ndipo ilipo benki ya taifa ya mbegu. Mtu anaweza kuuliza: kama kuna benki ya mbegu, ekari 100 za miti ni za nini?

Jibu liko ndani ya mbegu yenyewe. Mbegu za mahindi, mtama, uwele, ulezi na maharage zinakubali kukaushwa sana. Zikikaushwa vizuri, zikafungwa zisipate hewa na kuwekwa kwenye baridi ya nyuzi kama 20 chini ya sifuri, zinaweza kulala miaka mingi na bado zikaota. Hata nyumbani kanuni ni hiyo hiyo: mbegu kavu, chombo kisichopitisha hewa, mahali pa baridi.

Lakini kuna mbegu zisizokubali. Kokwa la embe, la parachichi, la fenesi, mbegu ya kakao na ya mpira, zote hufa zikikauka, na baridi kali huziua pia. Kahawa iko katikati, inavumilia kidogo lakini haikai muda mrefu. Ndizi tunazokula hazina mbegu kabisa, na muhogo mkulima huuotesha kwa vipande vya shina. Mimea ya namna hii haiwezi kufungiwa kwenye chupa. Namna ya kawaida ya kuitunza ni kuwa na mmea ulio hai, mahali fulani, unaoangaliwa na mtu anayejua ni wa aina gani.

Ndiyo maana mti mzee bustanini ni ghala. Ukianguka kabla haujapata watoto, kilichokuwa ndani yake kimekwenda nao.

Somo la mnyauko wa kahawa

Jambo hili si la nadharia. Mwaka 1993 ugonjwa wa mnyauko ulionekana kwenye kahawa ya robusta nchini Uganda. Unasababishwa na kuvu anayeziba njia za maji ndani ya shina. Majani yanakuwa ya njano, yanapukutika, na mti mzima unakauka. Hakuna dawa ya kuponya mti uliopata ugonjwa huo. Ulichukua takriban nusu ya miti ya robusta ya Uganda, na mwaka 1997 ukathibitishwa Kagera. Familia nyingi zilizosomesha watoto kwa kahawa zilijikuta zinachoma mashamba yao.

Suluhisho halikutoka dukani. Wataalamu walikusanya miti mingi ya robusta ya aina mbalimbali, wakaijaribu kwa ugonjwa huo, na michache ikastahimili. Kutokana na hiyo wakapata aina mpya za Uganda zinazojulikana kwa herufi KR, ambazo huzalishwa kwa vipandikizi. Kama robusta yote ingekuwa ya namna moja, kusingekuwa na mti wa kustahimili. Tofauti kati ya mti na mti, ambayo mnunuzi wa kahawa haioni kwenye gunia, ndiyo iliyookoa zao.

Si kila mgeni ni wa kukaribishwa

Historia ya bustani za mimea ina upande wake mbaya pia, na hatuwezi kuuruka. Musizi, ambao kitaalamu ni Maesopsis eminii, ni mti wa asili wa misitu ya ziwa letu. Hukua haraka na mbao zake zinafaa. Ulipopelekwa Usambara mwanzoni mwa karne ya 20 ulipenda mahali hapo kupita kiasi. Hondohondo walikula matunda yake na kueneza mbegu, na leo umeingia ndani ya misitu ya Amani na kuchukua nafasi ya miti ambayo haipo penginepo duniani.

Gugu maji nalo asili yake ni Amerika ya Kusini, na lilisambazwa katika nchi nyingi kwa sababu ya uzuri wa ua lake. Mwishoni mwa miaka ya 1980 lilikuwa limefika Ziwa Victoria, likaziba bandari na kuwafungia wavuvi. Katika miaka ya 1990 wadudu maalumu wanaolila walifugwa na kuachiliwa ili kulipunguza, lakini halijaisha.

Kwa hiyo kabla ya kuleta mbegu au ua kutoka nchi nyingine, uliza kwa afisa wa kilimo. Mmea usio na adui mahali pageni unaweza kukosa mpaka.

Maji yanapopanda

Bustani iliyo kando ya ziwa inategemea ziwa. Kati ya mwaka 1961 na 1964 maji ya Ziwa Victoria yalipanda kwa zaidi ya mita mbili. Mwezi Mei 2020, baada ya mvua nyingi, kipimo cha Jinja kilionyesha mita 13.42, kikipita kidogo rekodi ya mita 13.41 ya mwezi Mei 1964. Fukwe za Entebbe zilifunikwa, na wakazi wa mwambao wa Tanzania na Kenya wanaikumbuka hali hiyo kwa nyumba na mashamba waliyopoteza.

Mji nao unasogea kwa upande wa nchi kavu. Ardhi yenye mandhari ya ziwa ni ghali, na mti hauna hati ya kiwanja. Bustani ya mimea haiwezi kuhamishwa kama ofisi. Mti wa miaka 100 unahitaji miaka 100 mingine.

Unachoweza kufanya ukiwa kijijini kwako

Huhitaji hekta 40. Jambo la kwanza ni kuacha miti mama. Kama kijijini kwenu kuna mvule, mutuba au mti wa dawa uliozeeka na bado unazaa, kubalianeni usikatwe wote kwa pamoja, na oteshe miche kutoka miti kadhaa badala ya mmoja.

La pili, ukichuna gamba la dawa, chuna upande mmoja tu, kipande kidogo, na uache mti upone kabla ya kurudi. Usizungushe panga.

La tatu, usiitupe mbegu ya bibi yako kwa sababu umepata mbegu mpya ya dukani. Tenga mistari michache ya maharage au mtama wa zamani kila msimu. Huenda ndiyo itakayostahimili ugonjwa ambao bado haujafika.

La nne, mpe kijana kazi ya kuandika kwenye daftari au kwenye simu: jina la mti kwa lugha yenu, unatumika kwa nini, na uko wapi. Wazee wanaoyajua hayo wanapungua kila mwaka.

Na ukipata safari ya Kampala, Entebbe iko umbali wa kilomita kama 40 tu. Bustani iko wazi kwa wageni kwa kiingilio, na wapo waongozaji wanaoijua miti kwa majina. Waulize ni upi uliotoka upande wetu wa ziwa.